Simu Imejaa, Gemu Haijaingia

Kwa kawaida meza ya mshauri wa safu hii hupokea kesi za wakwe, za mahari na za majirani wenye mbuzi wasiofungwa. Wiki hii mambo yamegeuka. Kutoka Oyugis hadi Isebania, wasomaji wanalia kilio kimoja: wametia bando, wamebonyeza kupakua, simu ikajibu kwamba nafasi haitoshi. Mshauri amewaweka wakwe kando kwa muda.

Aliyetangulia ni kijana wa Oyugis anayejiita Kamanda Bila Kambi. Simu yake ni ya GB 32, anaitaka Call of Duty: Mobile, na anaapa kwamba nafasi iliyobaki inazidi kidogo ukubwa ulioandikwa dukani. Mbona simu inakataa? Tena anashuku aliyemuuzia alimpunja, maana hizo GB 32 zenyewe hajawahi kuziona.

Hakupunjwa. Kiwandani GB 1 ni baiti bilioni 1 kamili, ila programu nyingi huhesabu GB kuwa baiti 1,073,741,824, kwa hiyo 32 za boksi zinasomeka 29.8. Halafu Android yenyewe ina pa kukaa, na programu zilizokuja na simu zina pa kukaa. Mwenye simu ya namna hii mara nyingi hubaki na GB 20 hivi, au chini ya hapo, kabla hajapiga picha hata moja. Ukubwa unaoonyeshwa dukani nao ni wa kubisha hodi tu. Kifurushi kinapakuliwa, kisha kinafunguliwa, na kwa muda huo simu inahitaji nafasi ya kilichofungwa na ya kilichofunguliwa kwa pamoja. Call of Duty: Mobile, iliyotoka tarehe 1 Oktoba 2019, ikishaingia huanza kudai ramani, silaha na wahusika, kila kimoja na uzito wake. Kamanda atenge mara mbili ya ukubwa wa dukani, kisha ndani ya gemu apakue ramani anazozicheza tu na kuziacha zile anazozitazama kwenye video za wengine. Genshin Impact ya mwaka 2020, ambayo pia ameigusia mwishoni mwa barua, inazidi GB 15. Aisahau hadi abadilishe simu.

Kitu kimoja asikiguse bila kufikiri. Kwenye mipangilio kuna kufuta kashe na kuna kufuta data. Kashe ni makombo. Ikifutwa hakuna anayelia. Data ikifutwa, ramani zote zimekwenda, na kama alikuwa anacheza kama mgeni bila kuunganisha akaunti, vyeo vyake vyote vimekwenda nazo.

Barua nzito zaidi imetoka Mbita, kwa mama anayeuza omena, ambaye pia ni mweka hazina wa chama. Simu ni yake. Mwanawe wa kidato cha tatu huishika jioni za likizo kucheza eFootball, ile iliyoitwa PES kabla Konami haijabadilisha jina mwaka 2021. Kila msimu mpya huja na sasisho kubwa, na lililokuja safari hii lilipokataa kuingia, kijana alitafuta cha kutupa. Akaziona meseji za M-Pesa, maelfu kwa maelfu, za miaka miwili. Akazifuta zote. Sasa mnunuzi wa Kisumu anasema alilipa gunia tatu, mama anakumbuka mbili, na wanachama wawili wanadai walishachanga. "Mshauri, huyu mtoto nimfanye nini?"

Pole sana, mama. Kabla ya hukumu, hesabu kidogo, na kijana aitwe asikie. Meseji moja ya kawaida hubeba herufi 160, na ndani ya mtandao uzito wake hauzidi baiti 140. Ujumbe wa M-Pesa, pamoja na salio na tangazo la mwishoni, mara nyingi huvuka hapo ukahesabiwa kuwa meseji mbili, tuseme baiti 280. Zidisha kwa 4,000: ni MB 1.1. Hata simu ikiongeza mizigo yake ya kutunza kumbukumbu na kuifanya hesabu hiyo iwe mara tatu, bado ni sawa na picha moja ya kamera. Kijana ameteketeza daftari la biashara ya miaka miwili ili apate nafasi ya picha moja, na hata hiyo gemu haikuingia.

Rekodi zenyewe hazijapotea. Mama apige *334#, aombe taarifa ya akaunti yake ya M-Pesa, nayo itatumwa kwa barua pepe. Mnunuzi wa Kisumu atapatikana humo kwa tarehe na saa, awe alilipa gunia mbili au tatu.

Sasa nafasi ilikuwa imekaliwa na nani? Mshauri anaijua nyumba hii bila kuingia. Iko WhatsApp. Pande hizi mtu akifariki, kundi linaundwa jioni hiyo hiyo: la kamati ya mazishi, la michango, la ukoo, la waliosoma naye. Mazishi yanapita, hesabu inasomwa, watu wanashukuriwa, na kundi linabaki. Mwaka mmoja baadaye bado linapokea video za mahubiri, za dawa ya kisukari na za mtu aliyeanguka kwenye pikipiki, na kila moja inajipakua yenyewe kwenye simu ya mweka hazina. Kwenye mipangilio ya WhatsApp, chini ya hifadhi na data, kuna sehemu ya kudhibiti hifadhi. Humo faili zinazozidi MB 5 zimepangwa peke yake, na zile zilizosambazwa mara nyingi peke yake. Mama akae na kijana wazipitie pamoja, kwa sababu video ya kuaga mwili na ya mzee akigawa shamba haziwezi kuamuliwa na mtoto. Zikiondoka zinazostahili kuondoka, wazime kujipakua kwa picha na video. Mshauri hatashangaa wakipata GB kadhaa bila kugusa meseji hata moja.

Hukumu ya kijana: taarifa ikifika, ainakili kwa mkono kwenye daftari la chama, mstari kwa mstari, tangu meseji ya kwanza aliyoifuta. eFootball ifunguliwe akishamaliza. Akifika mwezi wa tano wa mwaka wa kwanza atakuwa anajua mamake hupata faida kiasi gani kwa debe, na pengine ataacha kuomba viatu vya Messi.

Bwana mmoja wa Isebania, fundi wa pikipiki, alijaribu njia ya pesa. Alinunua memori kadi ya GB 512 sokoni kwa shilingi 700, akajaza muvi, picha za harusi na mafaili ya gemu. Wiki ya pili muvi zikawa hazifunguki, na picha za harusi zikawa kijivu nusu. Anauliza kama ni virusi.

Si virusi, kaka, ni bei. Kadi za namna hiyo huwa na chembe ndogo, labda ya GB 16 au 32, na kijikompyuta cha ndani kimefundishwa kusema uongo. Simu ikiuliza, kinajibu 512. Mtu anaandika, kadi inaitikia, hadi nafasi ya kweli inapokwisha. Kuanzia hapo faili mpya zinaandikwa juu ya za zamani au zinatupwa kimya kimya. Majina yanabaki kwenye orodha ila ndani hakuna kitu. Kuipima kunawezekana kwenye saiba yoyote yenye Windows, kwa programu ya bure ya H2testw, iliyotolewa na jarida la Kijerumani c't. Inaijaza kadi yote kisha inaisoma tena. Kwa mwendo wa MB 10 kwa sekunde, kuandika GB 512 peke yake ni saa 14, na mwenye saiba anahesabu dakika. Kadi ijayo afadhali aijaribu kabla ya kuweka harusi humo, tena kwa kompyuta ya rafiki.

Hata kadi halali haimalizi kesi. Android 6.0 ya mwaka 2015 ilileta uwezo wa kuigeuza kadi iwe sehemu ya simu, lakini watengenezaji wengi wameuzima, na ulipo, kadi inafutwa kwanza na kufungwa kwa simu hiyo moja. Anayetaka kuendeshea programu kwenye kadi atafute yenye alama ya A1, kiwango cha mwaka 2016 kinachodai kusoma mara 1,500 na kuandika mara 500 kwa sekunde. Mshauri binafsi angepeleka picha na muvi kwenye kadi, akaiachia gemu tumbo la simu.

Na kwa kuwa bwana huyu anaishi hatua chache kutoka Sirari, ng'ambo ya mpaka: achague mtandao kwa mkono, asiachie simu ijichagulie, la sivyo siku moja atapakua gemu akiwa Kenya kwa laini inayodhani iko Tanzania.

Mwanafunzi wa Chuo Kikuu cha Rongo ana nafasi, hana bando. Hutegemea ile ofa ya Safaricom ya GB 1 kwa saa moja, shilingi 19, ambayo laini moja huinunua mara moja kwa siku. Gemu yake ni GB 2.5 na kila siku saa inamkatia njiani.

Ili GB 1 iingie ndani ya saa moja, mtandao lazima ukimbie megabiti 2.2 kwa sekunde bila kupumzika. Saa moja usiku, bweni zima likiwa kwenye TikTok, haufiki. Anunue alfajiri. Asisimamishe upakuaji kwa kitufe cha duka, ila azime data dakika chache kabla ya saa kwisha ili salio la kawaida lisiliwe, kesho aendelee: siku tatu, shilingi 57. Au amtafute mwenzake mwenye gemu hiyo hiyo, watumiane kwa Xender au kwa Quick Share, jina jipya la Nearby Share tangu Januari 2024. Simu kwa simu hakuna bando inayoliwa. Ramani za ziada ndizo atakazozipakua mwenyewe.

Msomaji wa mjini Homa Bay anauliza kama ile "PES 2025" ya MB 300 inayochezwa kwa PPSSPP, programu inayoigiza PSP kwenye simu, ni ya kweli. Konami ilitoa PES ya mwisho ya PSP kwa msimu wa 2014. Anachouziwa ni mzee wa 2014 aliyevalishwa jezi mpya na kubanwa. Akifunguliwa anazidi GB 1, kwa hiyo nafasi ya zipu na ya kilichomo ihesabiwe pamoja. Anacheza vizuri, hata hivyo.

Barua ya Karungu imesomwa mara mbili bila kueleweka. Mwandishi anasema simu yake "ni ile nyeusi" na gemu yake "ni ile ya magari". Aandike tena, ataje jina la simu na Android ni ya namba ngapi, na akiweza aseme ni nani mwingine anayeitumia.