Namna ya Kumsafisha Paka Masikio na Kubaki na Mikono Yako

Anza kwa kutafuta kijiti cha pamba, kile kile unachojichokolea Jumapili huku umefumba jicho moja kwa raha. Ukishakipata, kitupe. Tundu la sikio la mbwa na paka linashuka kwanza chini, kisha linakata kona kama herufi L, na ngoma ya sikio imejificha huko mwisho wa kona. Kijiti chako kitakachofanya ni kushindilia taka ndani kama baruti kwenye gobore.

Sasa washauri watakuja bila kuitwa. Jirani atataja mafuta ya taa. Shangazi ataapa kwa spiriti. Mpwa wako wa chuo ataleta siki, na video juu yake. Wakaribishe chai, kisha waombe kila mmoja aonje dawa yake kwenye kidonda chake mwenyewe. Kikao kitavunjika mapema.

Funua sikio, ulinuse. Ndiyo, nusa, mapenzi yana gharama. Likiwa safi, halina wekundu wala harufu, halihitaji chochote, na hapo ndipo wengi tunapokasirika, maana tumeshakunja mashati. Uchafu mweusi kama mashapo ya kahawa chini ya kikombe, na paka anajikuna usiku kucha, mara nyingi ni utitiri wa masikio. Ukikuta usaha, uvundo, au kichwa kimeinama upande kama cha mtu anayedaka umbea wa chumba cha pili, usitie kitu. Mpeleke kwa daktari wa mifugo: ngoma ikiwa imetoboka, dawa nyingine zikipita humo huleta uziwi.

Kama ni taka za kawaida tu, nunua maji ya kusafishia masikio ya wanyama. Mbwa utambembeleza kwa kipande cha nyama, atasamehe. Paka mviringishe kwenye kanga, kichwa tu nje, kama mtoto mchanga aliyetoka kuogeshwa. Kanga iwe ya jikoni. Ile ya harusi iache sandukuni. Jaza maji tunduni, kanda shina la sikio kama nusu dakika, utasikia chwaka-chwaka. Kisha mwachie atikise kichwa. Mtikiso huo ndio unaotoa taka kule konani na kuzibandika ukutani, kwenye pazia, na kwenye shati lako jeupe. Malizia kwa pamba pale kidole chako kinapofika, basi.

Dawa ya utitiri wape wanyama wote wa nyumba, hata yule asiyejikuna, maana wanaambukizana wakilala pamoja. Wala usiache siku ya nne kwa kuwa kimya kimerudi: yai huchukua kama wiki 3 kuwa utitiri mzima. Na ile dawa ya kupe ya mbwa iliyobaki kabatini, ikiwa na permethrini, isimguse paka. Inamuua.

Mwisho tujitazame sisi. Ukiwa umeng'atwa au kuparuzwa, hata na paka wako uliyemlea, osha jeraha kwa sabuni na maji yanayotiririka kwa dakika 15, ambazo ni nyingi kuliko zile ulizotumia kwenye sikio, kisha nenda hospitali ukaulizie chanjo ya kichaa cha mbwa.