Mtaalamu wa Milima Kutoka Marangu

Sisi wa Marangu hatupandi mlima. Mlima tunao. Upo pale nyuma ya migomba. Ukiamka unautupia jicho kuona kama umejifunika au umejifunua, unajua leo uanike kahawa au uiache ndani, kisha unaendelea na shughuli zako. Wanaopanda ni wageni na vijana wetu wanaowabebea mizigo, na vijana hao hawafuati mandhari, wanafuata ujira na bahashishi. Mimi nimefundisha jiografia hadi nimestaafu. Nimechora Kibo na Mawenzi ubaoni miaka nenda miaka rudi, na mwisho nilikowahi kufika kwa miguu yangu ni lango la hifadhi, nilipowakabidhi wanafunzi kwa waongozaji, nikarudi kivulini na chupa yangu ya chai.

Nilijaribu kulieleza jambo hili Innsbruck. Halikueleweka.

Nilikuwa nimekwenda kumtembelea mtoto wa kaka yangu anayesoma huko Austria. Innsbruck ni mji uliobanwa bondeni kati ya milima, na wenyeji wake wana ugonjwa mmoja: hawawezi kuona kilima wakakiacha kikae kwa amani. Wakati wa baridi wanakiteremka kwa skii, wakati wa joto wanakipanda kwa miguu. Mji huo umeandaa Olimpiki ya majira ya baridi mara mbili, 1964 na 1976, na ile ya vijana mwaka 2012. Ya 1976 ilikuwa imepewa Denver, Marekani. Wananchi wa kule wakapiga kura ya kuikataa, Innsbruck wakasema ileteni. Ya 1964 theluji iligoma kuanguka, ikabidi jeshi la Austria liingizwe kazini kuibeba kutoka juu milimani hadi kwenye njia za mashindano: mita za ujazo 40,000, pamoja na vipande 20,000 vya barafu kwa ajili ya njia ya vigari vya kuteleza. Hebu mfikirie kuruta anayemwandikia mama yake barua kumweleza kazi aliyopewa jeshini. Mwaka 2017 wananchi wa mkoa wa Tyrol walipoulizwa kama mji uombe tena michezo ya 2026, walio wengi walisema hapana. Mimi nadhani migongo ya wale makuruta ilikuwa bado inauma.

“Shangazi,” kijana akaniambia, “kesho nimekuandikisha kwenye matembezi ya mlimani. Kuna mwongozaji, anaonyesha miti na ndege. Rahisi tu, hata wazee wanakwenda.”

Ewe msomaji, wazee wa Tyrol wasikufariji.

Mwenye nyumba wake, mama mkarimu kweli, aliposikia nina raba tu, alishuka stoo chini ya nyumba akarudi na buti za ngozi ndani ya boksi. Zimepakwa mafuta, kamba nyekundu, soli nene ya kukanyagia miamba. Alikuwa hajazivaa tangu magoti yalipomkataza. Zilinienea utadhani nilipimwa. Nikazivaa, nikatembea ukumbini kwenda na kurudi, na kwa mara ya kwanza maishani nikafanana na watu ninaowaona wakishuka kwenye mabasi ya watalii pale Marangu.

Mlima tuliopelekwa unaitwa Patscherkofel, uko kusini mwa mji. Hatukuupanda; tulipandishwa kwa gari la waya. Kituo cha juu kiko kwenye mita 1,960 hivi, na lango letu la Marangu liko karibu mita 1,900. Maana yake, pale mashine ilipotutua tukatoka tukipiga picha na kuvuta pumzi ndefu, kwetu ndipo mtalii anaposhushwa kwenye gari na kuambiwa: haya, sasa anza.

Mwongozaji, binti mchangamfu mwenye mashavu ya miguu kama ya mwanariadha, alituambia kila mtu ajitambulishe na kutaja atokako. Na tusiitane Bwana wala Bibi. Desturi ya huko ni kwamba ukishavuka mita elfu moja watu huitana kwa jina tupu. Ikafika zamu yangu. Nikasema Tanzania. Wapi Tanzania? Kijana wangu akadakia: “Kilimanjaro!”

Kundi zima likageuka. Mzee mmoja akavua kofia. Tangu hapo nikawa mtaalamu. Niliulizwa kama mawingu yale ni ya mvua, kama njia hii si ya kitoto mno kwangu, na kilele nimefika mara ngapi. Nikasema sijafika hata mara moja. Wakacheka, wakaambiana kwamba watu wa milimani ni wanyenyekevu.

Mmoja tu hakucheka, bibi wa miaka 79 mwenye fimbo mbili za kutembelea. Alikuwa amefika kilele cha Uhuru mwenyewe, baada ya kustaafu kazi ya posta, kwa njia ya Marangu. Alianza kuniuliza habari za vibanda vya Horombo na Kibo. Mimi ninavijua kwa jina, kwa kimo na kwa mtihani wa kidato cha nne. Yeye anajua mlango upi unapitisha upepo. Shikamoo ilinitoka bila kukusudia. Kumwita jina tupu mtu wa rika la mama yangu sikuweza, mita elfu moja au elfu kumi, nikamwita Bibi hadi mwisho. Naye kila nilipotweta alinigeukia akasema, kwa Kiswahili safi alichofundishwa na wapagazi wetu: “Pole pole, Mama.”

Njia yenyewe ni nzuri, lazima niseme ukweli. Haipandi sana; inaambaa ubavu wa mlima kilomita saba hivi hadi malisho ya Tulfein, katikati ya msitu wa misonobari wanayoiita Zirbe. Majani yake ni sindano zilizofungwa tano tano. Tuliambiwa tuzihesabu, tukahesabu. Mbegu yake ni nzito, haina bawa, upepo hauiwezi. Anayeupanda msitu ule ni ndege mmoja wa jamii ya kunguru, ambaye huzifukia mbegu maelfu kwa maelfu ziwe akiba ya baridi. Nyingi anazikumbuka, hata chini ya theluji. Anazozisahau ndizo zinazoota. Kwa hiyo mti wa miaka mia tatu pale juu ni usahaulifu wa ndege, na nilipoambiwa hivyo nilisimama nikautazama vizuri, maana miaka yote darasani nilidhani usahaulifu hauoteshi kitu.

Kule chini bondeni unaona mji wote, uwanja wa ndege, na mnara wa Bergisel wa kurukia skii, uliochorwa na Zaha Hadid. Mwanamichezo akiwa juu pale kabla ya kuruka, mbele yake moja kwa moja anaona makaburi ya Wilten. Wenyeji wanakueleza jambo hilo kwa furaha isiyo ya kawaida.

Kisha kuna habari ya Franz Klammer. Februari 1976, mlima huu huu, Klammer na nguo yake ya njano na namba 15 aliteremka kama anayefukuzwa na nyuki, akampita Bernhard Russi wa Uswisi kwa sekunde 0.33 na kuchukua dhahabu. Wazee wote wa kundi letu walikuwepo. Kila mmoja alionyesha mahali aliposimama. Huko kwetu nako sijapata kumwona mzee wa Dar es Salaam ambaye hakuwepo uwanjani usiku bendera ya Tanganyika ilipopandishwa. Mmoja aliniuliza kama nami nateleza kwa skii, kwa sababu alimwona kwenye televisheni Sabrina Simader akiiwakilisha Kenya kule Pyeongchang mwaka 2018. Nikamweleza kwamba binti huyo alizaliwa Kilifi, na Kilifi ni bahari na minazi; skii amejifunzia hapa hapa Austria. Akafurahi sana. “Basi na wewe hujachelewa,” akasema.

Katikati ya msitu mwongozaji alitutaka kila mmoja achague mti wake, auegemee, afumbe macho, anyamaze. Tukanyamaza. Nilisikia hata sisimizi wakitembea. Ndipo simu yangu ilipoita, kwaya ya Kilutheri, sauti nne, sauti ya juu kabisa. Ndege wakaruka. Mnyama mmoja anayefanana na pimbi akapiga mluzi wa hatari akatoweka shimoni. Aliyepiga simu alikuwa mama yangu.

“Uko wapi?”

“Niko msituni, Mama.”

“Mmepoteza nini huko?”

“Hatujapoteza kitu. Tunaangalia miti.”

“Miti ya nani?”

Sikuwa na jibu. Nikamwambia nitapiga jioni.

Nusu saa baadaye nilihisi mguu wa kulia umekuwa mwepesi. Kugeuka, soli nzima imelala njiani, imenyooka, kisigino kikinitazama. Sijamaliza kushangaa, ya kushoto nayo ikaanza kupiga makofi kila hatua. Mwongozaji hakushtuka hata kidogo. Alieleza kwamba kati ya ngozi na mpira wa soli kuna tabaka la povu la plastiki, na unyevu wa hewani hulimung’unya polepole miaka yote buti zikiwa zimehifadhiwa. Nje zinang’aa, ndani zimekwisha. Zinazovaliwa mara kwa mara hudumu kuliko zinazotunzwa. Huku akieleza, alitoa kwenye mkoba tepu pana ya kijivu, akanifunga miguu yote miwili kwa mikono ya mtu aliyekwishafanya kazi hiyo siku nyingi. Kijana wangu alipiga picha. Nilimwambia aifute. Iko kwenye kundi la ukoo.

Karibu na malisho, ng’ombe alikuwa amesimama katikati ya njia na kengele shingoni. Kwetu ng’ombe hukaa bandani, majani humfuata. Kule wao ndio wenye njia, na kuna mabango ya kuonya watu wasisogelee wenye ndama. Kundi lilisimama. Huyu hakuwa na ndama. Nikapita mbele na tepu zangu, nikamwambia kwa Kichagga asogee. Akasogea. Makofi yakapigwa, na ule utaalamu wangu wa milima ukathibitishwa tena. Ila ng’ombe naye alikuwa amenipenda. Alitufuata hadi kwenye kibanda cha chakula, akiulamba mkoba wangu kwa ajili ya chumvi ya jasho, na kila nilipomfukuza alidhani ni mazungumzo.

Pale kibandani, tukila chapati tamu zilizokatwakatwa na kumwagiwa sukari, niliwauliza kama wanamjua Ludwig Purtscheller. Kimya. Nikarudia ualimu wangu. Alizaliwa hapa Innsbruck mwaka 1849, na tarehe 6 Oktoba 1889, siku aliyotimiza miaka arobaini, alifika kilele cha Kibo pamoja na Mjerumani Hans Meyer. Kilele kimoja cha Mawenzi hadi leo kina jina lake. Na anayetajwa kuwa aliwaongoza njia ni Yohani Kinyala Lauwo, kijana wa Marangu.

Bibi akayatazama matepu miguuni mwangu, akaweka uma chini. “Basi tumelipana,” akasema.

“Bado, Shangazi,” kijana akadakia kwa Kiswahili. “Kwetu anayeongozwa hutoa bahashishi.” Nikampa mwongozaji pakiti ya kahawa ya nyumbani, ambayo nilikuwa nimemletea mwenye nyumba.

Kwa hiyo wenzangu wa Marangu, Mamba na Kilema mnaojiandaa kwenda kuwaona watoto Ulaya: mkipewa buti zilizotunzwa vizuri, zikunjeni soli pale pale mlangoni, kwa nguvu, mbele ya mwenyewe. Zikipasuka, msisononeke. Semeni magoti yanauma, ombeni chai, mkae dirishani muutazame mlima.