Tusajilini Kama Waganga

Kwa Mheshimiwa Mwenye Ndoo ya Krimu,
Popote ulipo kati ya Githurai na Thika.

MINTARAFU: OMBI LA KUHAMISHWA KUTOKA USANII HADI UGANGA

Mheshimiwa,

Pokea salamu za wachoraji wa kuta. Uniwie radhi kwa kutokutaja cheo chako. Si utovu wa adabu, nilikutafuta. Ofisi ya kwanza iliniambia ukuta si wake, niulize ofisi ya pili. Ya pili ikasema yake ni nguzo tu, ukuta una wenyewe ghorofa ya juu. Ghorofa ya juu walikuwa mkutanoni, na kwa jinsi soja wa mlangoni alivyotabasamu, nadhani wangali mkutanoni hadi leo. Kila mtu amekuona ukipaka, hakuna aliyekutuma. Basi nakuandikia kwa jina la chombo chako cha kazi, maana ndicho kinachoacha ushahidi: matone ya rangi ya krimu juu ya lami, alfajiri, yakielekea barabara kuu.

Kwanza hongera. Nchi hii haina mtumishi wa umma mwenye bidii kama yako. Taa ya barabarani ikizimika, inazeeka gizani. Mtaro ukiziba, tunajifunza kuuruka. Lakini sisi tukichora ukuta Jumamosi, Jumatatu umeshafika, tena usiku, bila kuitwa, bila kamati, bila warsha ya siku tatu Naivasha. Tulimchora mama muuza mananasi kando ya barabara ya Garissa: krimu. Tulichora mto Chania ukishuka na povu la viwandani: krimu, makoti mawili. Kule Ruiru tulichora swali tu, alama ya kuuliza yenye urefu wa mlango, bila neno lolote pembeni. Hiyo uliifuta kabla hatujamaliza kuosha brashi, na nakiri ilinipa raha kujua kwamba swali lilimfikia mwenyewe.

Kinachonisumbua ni kile unachokibakiza. Kwenye ukuta uleule, mwaniaji mmoja anatabasamu tangu Agosti 2022. Kura alishindwa, lakini bado anaomba. Mvua za El Niño za 2023 zilimnyeshea, mafuriko ya 2024 yakamnyeshea tena, nusu ya shavu imebanduka, na brashi yako ilimpitia pembeni kama kinyozi anayezunguka sikio. Juu yake kuna bango la ploti, maji na stima vipo tayari, hati miliki mkononi. Na juu ya yote, kwenye nguzo, amepigiliwa misumari bwana mkubwa kuliko wote barabara hii: mganga.

Huyo, Mheshimiwa, hujawahi kumgusa. Bati lake la njano lina herufi nyekundu alizoandika mtu aliyekuwa na haraka. Mapenzi, biashara, kesi, namba ya simu. Mganga yuko Githurai, yuko Kahawa, yuko Ruiru, yuko Juja, na ukishuka Thika unamkuta ameshafika. Magavana huja na kuondoka, yeye yupo. Nimemchunguza kwa muda, na nimeridhika kwamba hapa kwetu ndiye msanii pekee anayelindwa na dola.

Kwa hivyo ombi letu ni hili: tusajiliwe kama waganga.

Tumeshafikiria utaratibu, usihangaike. Kila mchoraji apewe cheo. Mimi ningependa Profesa, kwa sababu Madaktari wameshajaa bungeni. Pili, asili. Mganga wa maana hutoka mbali, awe wa Tanga, wa Kitui au wa Sumbawanga. Hakuna aliyewahi kuona bango la mganga kutoka Ruiru. Tuko radhi kuzaliwa upya. Kuna kijana wetu hodari wa sura za watu, amekulia Kiandutu na hajawahi kuvuka Mto Tana, ataandikwa kuwa ametoka Pemba. Mwingine wa Makongeni ataletwa kutoka Kigoma, ila apewe siku mbili za kuzoea lafudhi. Tatu, bati. Tunajua nguzo haiwezi kubeba mchoro wa mita nane, kwa hiyo mchoro ubaki ukutani na bati tulipigilie kwenye kona ya chini. Mtu wako akija na ndoo usiku amulike kona kwanza, aone neno MGANGA, ainue kofia, apite.

Nne, huduma. Hapa ndipo tulipojiuliza kama tutakuwa tunadanganya umma, tukagundua kwamba michoro yetu tayari ni orodha ya mganga, ila tulisahau kuandika. Ule wa kiwanja cha mpira kilichoota ghorofa, huo ni KESI ZA MASHAMBA. Ule wa dawati moja na watoto watano ni KUFAULU MTIHANI. Wa kijana mwenye digrii anayesukuma mkokoteni wa maji uandikwe KAZI KUPATIKANA HARAKA. Wa diwani aliyeonekana mara ya mwisho siku ya kuapishwa utakuwa MUME ANAYERANDARANDA HURUDI NYUMBANI. Na ule wa barabara iliyolipwa ikakosa kujengwa, tutauandikia KURUDISHA MALI ILIYOIBWA, na usiseme tunazua, maana Februari 2025 mahakama ilimpata gavana wa zamani wa kaunti hii na hatia katika kesi ya zabuni ya barabara ya shilingi milioni 588. Wateja tunao. Ni kila mlipa kodi.

Halafu ipo huduma ya mwisho, ambayo waganga wote huiandika kwa herufi kubwa zaidi. KURUDISHA ALIYEPOTEA.

Usiku wa maandamano ya 25 Juni 2024 risasi zililia Githurai, nasi tulizisikia, hatukuhitaji kusimuliwa na redio. Miezi iliyofuata ikawa ya watu kubebwa na magari yasiyo na namba za kueleweka. Desemba ile wakamchukua Gideon Kibet, mnayemjua kama Kibet Bull, mchoraji wa katuni, pamoja na ndugu yake. Kosa lake ni vivuli vyeusi vya mtu mkubwa, vilivyochorwa kwa ustadi hata wasiopenda siasa wakacheka. Alirudi Januari. Wapo ambao hawakurudi. Sisi tulichora sura moja, bila jina, bila tarehe, bila neno. Kijana tu anayetazama barabara. Ukaja. Na hukuanza kupaka juu kwenda chini kama fundi anavyofanya, ulianzia machoni. Nimeshika brashi miaka mingi, najua kusoma mkono wa mtu ukutani. Ulianza na macho, ukayarudia, ndipo ukapaka mengine. Unaogopa nini, wewe? Rangi ya maji? Mwaniaji aliyeshindwa umemwachia meno yake yote, na mtoto wa watu ukamfumba macho!

Samahani, Mheshimiwa. Barua hii iliahidi adabu. Tuendelee.

Labda hujui kwamba ndoo yako ina ukoo. Mwaka 1977 huko Kamirithu, Limuru, kaunti hiihii yetu, wanakijiji walijijengea ukumbi wa wazi wa kukaa watu zaidi ya 2,000. Wakulima na vibarua wa viwandani wakaigiza Ngaahika Ndeenda, tamthilia ya Ngũgĩ wa Thiong'o na Ngũgĩ wa Mĩriĩ, kwa Kikuyu, mbele ya watu waliojiona wenyewe jukwaani. Novemba kibali kikafutwa. Mwisho wa Desemba Ngũgĩ wa Thiong'o akachukuliwa, akawekwa Kamiti bila kufunguliwa mashtaka. Machi 1982 polisi wakaja kwa malori wakaubomoa ukumbi wenyewe. Hao hawakuwa na krimu, walikuwa na nguvu tu, kwa hiyo kwa upande huo nakusifu, umestaarabika. Nairobi nako, mwaka 2012, Boniface Mwangi na wenzake walichora wanasiasa kama tumbusi. Michoro ikapakwa rangi upesi, lakini picha zake zilikuwa zimeshazunguka dunia. Hesabu ya kazi yako inaanzia hapo: kila ndoo unayomwaga inafanya watu waulize chini yake kulikuwa na nini. Ni matangazo ambayo hatuna uwezo wa kuyalipia.

Na pale Thika mjini ipo bustani ya Mugumo. Wazee husimulia kwamba Mugo wa Kibiru alitabiri utawala wa mgeni utakwisha mti ule ukianguka, na kwamba wakoloni, wenye bunduki na ndege za kivita, waliingiwa na wasiwasi wakauzungushia chuma usije ukaanguka. Ulianguka 1963. Nakutajia tu, kwa kuwa unapita hapo na ndoo.

Mahali pekee ambapo tunachora tukalala usingizi ni kwenye matatu. Nganya za njia ya 237 zinabeba sura za wanamuziki, mashujaa, hata marehemu, kutoka Thika hadi mjini na kurudi, na abiria huziacha mbovu zikapita akingoja iliyochorwa vizuri. Hizo nazo zilikuwa na msiba wake. Kanuni za Waziri Michuki za mwaka 2004 zilileta mstari wa njano na kuifukuza michoro, hadi miaka kama kumi baadaye Rais Uhuru Kenyatta alipowatetea wachoraji hadharani kwamba ile ni riziki ya vijana. Mimi nina maelezo mengine. Nganya huipaki kwa sababu huipati. Ukuta ungekuwa na magurudumu tusingeandikiana.

Tuna maombi mengine madogo, usiyachukulie uzito. Krimu ibadilishwe, hata rangi ya udongo ingetusaidia, tumechoka. Ratiba ya kufuta itangazwe mapema ili siku hiyo tutumie rangi rahisi. Yale mabaka uliyoyaacha kutoka Githurai hadi Makongeni yawekewe vibao vya jina na mwaka, kwa faida ya watalii. Na tafadhali, mkipata bajeti, msituletee sanamu. Tuliziona za Eldoret Agosti 2024, wanariadha waliosimamishwa kwa ajili ya sherehe za mji kuwa jiji, wakachekwa nchi nzima na kung'olewa hata kabla ya sherehe. Wanariadha wenyewe hawajawahi kukimbia kwa kasi ile.

Kuhusu sheria sitakuchosha, najua una kazi usiku. Kifungu cha 33 cha Katiba kinataja uhuru wa ubunifu wa kisanii, kwa maneno hayohayo. Jedwali la Nne nalo linazipa kaunti kazi zao kwa namba. Namba 3 inaweka pamoja kero za umma na matangazo ya nje. Namba 4 ni shughuli za utamaduni. Inaonekana aliyekusomea alifika tatu akaitwa chai. Mji wa Ruiru peke yake ulihesabiwa watu 490,120 mwaka 2019. Niambie jumba lao la sanaa la umma liko mtaa gani, nitakuwa mlangoni kesho saa mbili asubuhi, na viatu nitavua. Kama halipo, basi ukuta ndio jumba. Tunanunua rangi kwa pesa za mfukoni, tunaomba ruhusa kwa mwenye ukuta, tunafagia tukimaliza. Hatujawahi kukudai hata brashi. Tulichotaka ni wiki moja. Wiki moja tu, mama anayeshuka kwenye matatu na mzigo mgongoni auone mto wake ukutani, acheke au atukane, halafu ufute. Hata hiyo mlitunyima!

Natoa pole tena. Nimalizie kwa habari njema.

Agosti 2027 inakaribia na simu zimeanza kulia. Wiki iliyopita alipiga mtu mwenye sauti ya upole, hakutaja anakotoka, akauliza gharama ya kuchora sura ya mgombea wake, futi kumi kwa kumi na mbili, akitabasamu, mkono juu. Nikamuuliza ukuta upi. Akautaja. Ni uleule wa kijana wetu, na alinihakikishia mchoro huo hautaguswa na mtu yeyote hadi uchaguzi upite. Nilimwambia ukuta ule una makoti mengi ya krimu na itabidi nikwangue yote kwanza, hadi chini kabisa kwenye rangi ya zamani, la sivyo mgombea atabanduka kabla ya kampeni. Kukwangua kutachukua siku kadhaa, mchana, watu wakipita. Akakubali, akatuma nusu ya malipo.

Tunaanza kukwangua Jumatatu. Kama una neno, ofisi yetu iko hapohapo ukutani.

Wako mtiifu,
Profesa kutoka Sumbawanga
(kwa niaba ya wachoraji wa kuta, Githurai hadi Thika)

Nakala: Mganga, nguzo ya tatu baada ya daraja la miguu, Ruiru.