Zako Tia Maji: Mwongozo kwa Mgeni wa Tsar Peter

Msafiri, ukiingia Moscow baada ya Agosti 1698, jua kwamba Tsar Peter, mfalme wa Urusi, amesharudi kutoka Ulaya Magharibi, na amerudi na hamu ya kunyoa. Chukua tahadhari zifuatazo.

Ndevu. Wakuu waliokwenda kumpokea mfalme walikutana na wembe, tena aliyeushika ni mfalme mwenyewe. Tangu 1705 unaruhusiwa kuzinunua ndevu zako: mfanyabiashara tajiri hulipa rubli 100 kwa mwaka. Utapewa kipande cha shaba chenye picha ya pua, masharubu na ndevu, kimeandikwa kwamba pesa zimepokewa. Usikipoteze. Ndevu zisizo na risiti ni magendo.

Mavazi. Joho lako refu liache nyumbani. Mfano wa vazi linalotakiwa umetundikwa langoni mwa mji. Ukikosa pesa ya faini utapigishwa magoti, na kitambaa chote kitakachogusa ardhi kitakatwa. Fundi huyu hachukui vipimo.

Kalenda. Mwaka 7208 wa kalenda ya zamani ulianza Septemba ukakatishwa Desemba. Kulipokucha ikawa Januari Mosi, 1700. Ukidaiwa, usijitetee kwamba mwaka 7208 bado haujaisha.

Ndoa. Kijana wa kikabaila, posa imekubaliwa na mahari yameshapangwa. Je, mwalimu wa hesabu anasemaje? Tangu 1714, asiye na cheti cha hesabu haoi.

Jino. Likikuuma, tabasamu. Mfalme ana koleo, anajiamini, na meno aliyokwisha kung'oa yamehifadhiwa katika jumba lake la makumbusho kule St. Petersburg.

Mkulima. Huyu utamkuta langoni, ndevu zimemfika kifuani. Kijijini anazifuga bure. Mjini anazilipia kopeki kila apitapo. Usimwonee wivu, wala usimwulize ustaarabu utamfikia lini. Ulishafika. Makarani walikwenda mpaka kwake wakamwandika yeye, baba yake asiyeweza tena kushika jembe, na mwanawe anayenyonya. Tangu 1724 kila mwanamume kati yao anadaiwa kodi ya kichwa, na bwana mwenye shamba bado anawamiliki wote watatu.

Wewe ulionywa utie maji. Yeye alinyolewa bila maji, na ndevu zake zote zipo.