Ombi la Mfugaji wa Samaki Wasiokuwepo

Kwa Katibu,
Idara ya Serikali ya Uchumi wa Majini na Uvuvi,
Nairobi.

Mheshimiwa Katibu,

KUH: KUSAJILIWA KWA KIDIMBWI KILICHOKAMILIKA KASORO MAJI

Nakuandikia kutoka Kitengela, Kaunti ya Kajiado, huku ambako mfereji ukifunguliwa hukohoa kwanza, na mara nyingi huishia hapo.

Mimi ni mmiliki halali wa kidimbwi cha samaki. Kina urefu wa mita 20, upana wa mita 15 na kina cha mita moja, yaani mita 300 za mraba, kipimo ambacho Serikali imekienzi tangu 2009. Kwenye ploti ya 50 kwa 100, kimemeza karibu thuluthi mbili ya ardhi. Sisi wenye nyumba tumejibana pembeni. Alikuja afisa wa ofisi ambayo sitaitaja, na futi yake na fomu yake. Akapima urefu, akapima upana, akashuka ndani na viatu vyake vya ngozi, akapima kina, akapanda juu na soksi kavu. Nilichungulia fomu. Ilikuwa na nafasi ya kina cha kidimbwi. Nafasi ya kina cha maji haikuwepo. Nikapongezwa, nikapigwa picha.

Mheshimiwa, silalamiki. Afisa yule alifuata mila. Mpango wa Kuchochea Uchumi ulipoanzishwa mwaka 2009, hesabu ilikuwa ya haki kabisa: vidimbwi 200 kwa kila eneobunge, maeneobunge 140, jumla 28,000. Mvua hainyeshi kwa mgao wa maeneobunge, lakini hilo ni kosa la mvua. Na kwa muda mambo yalinoga. Samaki wa kufugwa nchini walipanda kutoka takriban tani 4,900 mwaka huo hadi zaidi ya tani 24,000 mwaka 2014. Kisha chakula cha samaki kikawa ghali, vifaranga bora wakawa adimu, ruzuku ikaisha, na kufikia 2016 tulikuwa karibu tani 15,000. Hizo ni hesabu za samaki, na samaki hufa. Hesabu za mashimo hazijashuka hata kidogo.

Naomba sasa unikopeshe kikokotoo chako. Kidimbwi changu kinahitaji lita 300,000 kujaa. Hiyo ni mitungi 15,000 ya lita ishirini, au maboza 30 ya lita elfu kumi, yaje yamefuatana kwenye barabara ya Namanga kama msafara wa harusi. Tufanye nimejaza. Jua la Kajiado likinyonya milimita tano tu kwa siku, na hapo nimelipunguzia, linakunywa lita 1,500, mitungi 75, kila siku ya Mungu. Tilapia anahitaji miezi sita au saba kufika uzito wa sahani. Katika siku 200 jua litakuwa limemaliza kidimbwi kizima na kudai kingine, na mimi nitakuwa nimewanywesha samaki maji ambayo jirani yangu anayahesabu kwa kikombe.

Utaniuliza kwa nini nisitumie maji ya bomba. Bomba la Nolturesh tunalijua. Linatoka kwenye chemchemi za Loitokitok, chini ya Kilimanjaro, linapita Kajiado nzima na kwenda zake mpaka Machakos. Sisi tulio njiani tunalisindikiza. Kisima je? Visima vyetu vina chumvi, na vingine floraidi inayowachafua watoto meno. Na kukichimba nahitaji kibali chini ya Sheria ya Maji ya 2016, ilhali kufuga samaki kunasimamiwa na Sheria ya Uvuvi ya 2016. Sheria hizo mbili zilipita kwenye Bunge moja, mwaka mmoja, na sina hakika zilisalimiana mlangoni. Katiba nayo imeiweka sekta ya uvuvi katika kilimo cha kaunti, halafu ikaurudisha uvuvi huohuo kwenye orodha ya Serikali ya Kitaifa. Samaki wangu, wakija, watakuwa na serikali mbili. Maji hayana hata moja.

Nisiwe mchoyo wa shukrani: mara moja uchumi wa majini ulitufikia mpaka mlangoni. Ilikuwa masika ya 2024, Mto Athi ulipovunja kingo na watu wa Kitengela wakanaswa majumbani mwao wakingoja kuokolewa. Siku hizo kila mtu alikuwa na kidimbwi, chenye sofa ndani. Miaka miwili tu kabla yake ng'ombe walikuwa wakifa kwa ukame uwandani. Kati ya hali hizo mbili ndipo mimi natakiwa kufuga tilapia.

Samaki huku hatuwakosi, usidhani. Jioni pita stendi, utamwona mama mmoja na kabati lake la kioo, tilapia wamepangwa wakitazama upande mmoja, mafuta bado yanatoa povu kwenye karai. Ukimuuliza wanatoka wapi, anakujibu bila kupepesa: "Hii ni ya ziwa, kastama." Chini ya meza kuna katoni yenye maandishi ya Kichina, ameikalia mtoto wake. Simlaumu. Katoni hiyo haihitaji maboza 30.

Na kama idara yako inatafuta mfugaji bora wa Kajiado, ninaye. Anaishi Magadi. Ni tilapia mdogo wa Ziwa Magadi, wanasayansi humwita Alcolapia grahami, anayeogelea kwenye chemchemi za magadi zenye joto la nyuzi 40 na zaidi, katika maji makali ambayo tilapia wa kawaida asingemaliza saa. Samaki wengi hutoa uchafu wao kama amonia. Maji yale hayaruhusu, kwa hiyo yeye ameamua kutoa urea, kama mimi na wewe. Hajawahi kuomba kifaranga, wala plastiki ya kutandika. Badala ya ziara za mafunzo ng'ambo, leta ujumbe wako Magadi. Posho ya Magadi ni ndogo, najua.

Kajiado iliwekwa kwenye ABDP, mpango wa kuendeleza biashara ya ufugaji wa samaki uliofadhiliwa na IFAD, Mfuko wa Kimataifa wa Maendeleo ya Kilimo, na kuzinduliwa 2018, kwa hiyo pesa si ngeni hapa. Ombi langu ni kwamba kabla hamjahesabu vidimbwi, mhesabu maji. Wenye silanga kule Kajiado ya ndani, zile zinazonywesha mifugo, wapewe kambare, maana kambare huvuta hewa na huvumilia tope. Sisi wa ploti tupewe mkopo wa matangi ya mvua na ya kuzungusha maji yaleyale, madogo, yenye paa. Na fomu iongezwe mstari mmoja.

Wakaguzi wako wanakaribishwa siku yoyote. Waambie tu waje na boza lao.

Wako mtiifu,
Mwenye shimo, Kitengela.