Shemeji na Dumu la Lita Tano

Tukuyu mtu hamwagilii bustani. Mvua yetu inazidi milimita 2,000 kwa mwaka, na ikikatika tunabaki na ukungu unaoteremka kutoka Mlima Rungwe na kulowesha nguo zilizoanikwa tangu juzi. Kwa hiyo asubuhi ile shemeji yangu alipouliza keni ya kumwagilia inawekwa wapi, nyumba nzima ilikaa kimya. Mke wangu akainama kukoroga uji ambao ulikuwa umeshaiva.

Huyu shemeji ni kaka mkubwa wa mke wangu, Mgogo wa Dodoma. Kwao mvua ya mwaka mzima haifiki milimita 700, tena huja kwa msimu mmoja na kuaga. Kule mtu anayeupenda mmea wake huupa maji, hata kama ni yale aliyosuuzia vyombo, na jirani akiona anajua hapo pana mtu mwenye utu. Wahenga walisema mgeni siku mbili, ya tatu mpe jembe. Huyu wetu hakungoja kupewa. Alichukua dumu la mafuta ya kula la lita 5, akapasha msumari kwenye makaa, akautoboa mfuniko matundu kwa mistari iliyonyooka, akalijaza maji kutoka kwenye pipa linalokinga mvua ya paa, akatoka. Ilikuwa mwezi wa tatu. Nje kulikuwa na manyunyu. Akarudi ndani kuomba mwavuli.

Basi muone: mwavuli mkono wa kushoto, dumu mkono wa kulia, mvua inachuruzika pembeni mwa mwavuli na kuangukia tuta lilelile la viazi vitamu analolimwagilia. Watu waliokuwa wakitoka sokoni walisimama. Mama mmoja mwenye mkungu wa ndizi kichwani aliniuliza kwa Kinyakyusa, kwa sauti ya chini, kama mgeni wetu ni mzima. Nikamwambia ni mzima, ila anatoka Dodoma. "Aa," akasema, "mpe pole," akaendelea na safari yake.

Kumkataza sikuweza. Kaka wa mke hakatazwi, hasa kama mahari ulimaliza kwa awamu na yeye ndiye aliyekuwa akihesabu. Nilijaribu kuzunguka. Tukiwa kwenye chai nikasema, kama naongea na kikombe, kwamba kiazi kitamu ni mzizi ulionenepa, na mzizi haunenepi bila hewa; udongo ukijaa maji, hewa inatoka, mzizi unabaki mwembamba au unaoza. Maji yanatakiwa wiki za mwanzo tu, marando yashike. Baada ya hapo kiazi kinataka kuachwa, na wiki za mwisho kabla ya kuvuna ndiyo kabisa.

"Kweli shemeji," akasema, akaomba sukari. "Ndiyo maana mimi nayapa kidogokidogo."

Tatizo jingine ni kwamba shemeji anasikiliza sana redio. Alishasikia habari za viazi lishe, vile vya rangi ya machungwa vyenye vitamini A, na kwamba Mganda Robert Mwanga na wenzake watatu walipewa Tuzo ya Chakula Duniani mwaka 2016 kwa kuvifanyia kazi. Nadhani jambo hilo lilimwingia vibaya. Akaanza kutembea kwenye matuta yetu mikono nyuma, akiinama kukagua jani moja moja. Sikupata nafasi ya kumweleza kwamba wale tuzo hawakuipata kwa dumu.

Kisha akagundua samadi. Rungwe karibu kila nyumba ina ng'ombe wa maziwa, na nyuma ya banda letu palikuwa na lundo la kutosha. Alilihamishia lote kwenye viazi. Udongo wa huku ni wa volkano, ukiangusha kijiti kinachipua. Sasa ongeza samadi, ongeza mvua, ongeza dumu. Marando yalifumka mpaka kuku walikuwa wakipotea humo asubuhi na kutokea jioni. Shemeji aliyapiga picha akazituma kwa ukoo mzima. Aliondoka baada ya Pasaka akiwa na furaha, akaniachia dumu na maelekezo.

Na matembele tulikula. Tulikula kwa karanga, tulikula kwa nazi iliyoletwa na mtu kutoka Kyela, tulikula yamechemshwa tu. Majirani walichuma, ng'ombe akapata yake, fuko naye akachimba njia yake chini kwa chini kwenda kuangalia kama kuna chochote. Hakurudi mara ya pili, na hiyo ilipaswa kunitia wasiwasi.

Yaliyobaki yakatambaa. Rando likilala kwenye udongo wenye unyevu hutoa mizizi kila kifundo, ndiyo maana wakulima huyanyanyua mara kwa mara. Yetu yalipita chini ya ua wa milonge, yakaingia kwa mzee jirani, kwenye kijiteremko chake cha changarawe ambacho hakijawahi kuona samadi. Nilimfuata kumwomba radhi.

"Yaache, mwanangu," akasema. Mzee huyu hupima mambo yote kwa mwaka 1986, Tukuyu Stars ilipochukua ubingwa wa ligi. "Mwaka ule vijana walikuwa wanapanda basi na viazi vilivyochemshwa mfukoni. Siku hizi mnakula chipsi, mnashangaa hakuna ubingwa."

Mwezi wa nane tukachimba. Tuta la kwanza lilitoa mizizi minene kiasi cha kalamu ya risasi. La pili, kalamu iliyotumika. Mke wangu alishika kimoja akakigeuza kwenye mwanga, akasema labda hiki ni cha mbegu. Tukachimba mpaka uani tukapata vya kujaza kikombe, nikavipeleka kwa ng'ombe, naye akavinusa kwa adabu.

Jioni mjukuu wa mzee akabisha hodi na beseni kichwani, limefunikwa jani la mgomba. Viazi humo vilikuwa vinene, ngozi safi, kimoja peke yake kingeshibisha watu wawili. Babu amesema ndaga fijo, yaani asante sana, kwa marando, hakuyafanyia chochote, yamezaa yenyewe.

Beseni la jirani halirudishwi tupu, kwa hiyo mke wangu akatoka na tochi kwenda kuchuma matembele. Kabla ya kutoka alilipiga picha lile beseni akamtumia kaka yake, bila neno hata moja.

Jibu lilikuja ng'ombe hajamaliza kukamuliwa: "Niliwaambia mimi. Maji!" Likafuata jingine, kwamba Krismasi anakuja, na ameshanunua mpira wa mita 50.