Matunda Manane ya Kutumbukiza Kwenye Waini, Kuanzia Aibu Hadi Bingwa wa Mkuyuni

Wana Mkuyuni wa Mwanza! Chupa ya waini ya Dodoma imefika mezani, jagi limeoshwa, Jumamosi imeingia na joto halina huruma na mtu. Utumbukize tunda gani? Kamati ya majaji ina mjumbe mmoja tu, ambaye ni mimi. Rufaa zinapokelewa grosari kuanzia saa moja jioni, ukija na chupa yako.

Kanuni ya jagi naiweka hapa juu kwa sababu najua nusu yenu mtaruka hadi namba moja. Waini chupa moja ya mililita 750, juisi nusu lita, soda nyeupe moja, ndimu moja. Soda inamiminwa mwisho, ukishaandaa glasi, la sivyo gesi yote inaishia hewani. Waini ya asilimia 12 ikishachanganywa hivyo inashuka chini kidogo ya 6, jirani kabisa na bia. Ila bia inakuambia mapema kwamba yenyewe ni bia. Hii inapita kooni ikijifanya juisi, halafu inakusubiri usimame. Barafu iwe ya maji yaliyochemshwa, na isitoke kwenye boksi la samaki. Sato tunampenda, lakini siyo kwenye glasi.

Najua kuna mjomba hapo amenuna, anasema kuchanganya waini ni kuivunjia heshima. Shikamoo mjomba. Wabaski kule Hispania wanachanganya waini nyekundu na Coca-Cola na kuinywea sherehe zao. Majirani zetu wa Msumbiji wanafanya vilevile na wanaiita catembe. Marekani nako, mwaka 1981, vijana wawili wa California, Michael Crete na Stuart Bewley, waliingiza sokoni waini iliyochanganywa na juisi za matunda, kitu ambacho Crete alikuwa akiwakorogea rafiki zake ufukweni, na miaka michache baadaye wakaiuza kampuni kwa mamilioni ya dola. Halafu Januari 1991 serikali yao ikapandisha kodi ya waini kutoka senti 17 hadi dola 1 na senti 7 kwa galoni, na viwanda vingi vikaondoa waini kwenye vinywaji hivyo vikaweka pombe ya shayiri. Kwa hiyo jagi lako la Mkuyuni lina waini zaidi kuliko chupa nyingi za Marekani zenye picha ya tunda. Mjomba, endelea kununa ukiwa na glasi mkononi.

Kigezo cha kamati ni ugwadu. Waini inayopendwa mitaani kwetu ni tamu, soda ni tamu, juisi ya dukani ni tamu. Ukiongeza tunda tamu juu yake, umetengeneza dawa ya kikohozi. Twende.

8. Parachichi
Kuna mtu alilipendekeza kwa uso mkavu kabisa. Parachichi ni mafuta, na mafuta hayana urafiki na waini. Hukumu: rudi kwenye kachumbari, wenzako wanakusubiri.

7. Ndizi
Wahaya mshushe mikono, siwatukani. Ndizi ina pombe yake tayari: Kagera inakamuliwa, inatiwa mtama, inakuwa lubisi. Arusha kuna Banana Investments wanaoitia kwenye chupa kiwandani na kuiuza. Sasa inakuja kwenye jagi letu kutafuta nini? Ukiisaga inageuka uji, ukiikata inakuwa nyeusi kabla wageni hawajavua viatu. Hukumu: mwenye kampuni yake haombi kibarua kwa jirani.

6. Tikitimaji
Kwenye picha za simu halina mpinzani. Mdomoni ni habari nyingine, maana zaidi ya asilimia 90 ya tikiti ni maji, na waini yako tayari ina maji ya kutosha. Dawa ipo moja: toa mbegu, kata vipande vidogo, vigandishe usiku kucha, uvitumie badala ya barafu. Hapo angalau kinachoyeyuka kina rangi. Hukumu: mrembo wa kusindikiza. Apigwe picha, asipewe mkataba.

5. Embe
Hapa ndipo ndoa zinapovunjika. Embe dodo lililoiva ni tamu kuliko kigezo kinavyoruhusu, na ni zito: ukimwaga waini, juisi inakaa chini na kugoma kupanda. Embe la kienyeji nalo linakuachia nyuzi kwenye meno, unaongea na wakwe huku unatafuta kijiti. Lakini kuna embe bichi. Lile linalokatwa vipande barabarani na kupakwa chumvi na pilipili. Likate membamba, liache kwenye waini nyeupe saa moja ndani ya friji, pilipili paka kwenye mdomo wa glasi. Hukumu: bivu nafasi ya saba, bichi nafasi ya tatu, wastani wake ni hapa hapa. Hesabu ni sahihi, msinipigie.

4. Chungwa la Ukerewe
Linavuka ziwa kutoka Nansio, linafika mjini likiwa bado la kijani, na mgeni kutoka ng'ambo anadhani ni bichi. Ukanda wetu hauna usiku wa baridi wa kulifanya libadili rangi, basi linaiva kimyakimya na ganda lake la kijani. Kwenye waini nyekundu linafanya kazi nzuri: kamua manne, la tano kata visahani, toa ile nyama nyeupe ya ndani ya ganda kwa sababu inachungulia na uchungu. Hii ndiyo njia ya Wahispania na sangria yao. Sheria ya Umoja wa Ulaya ya 2014 inataka jina hilo peke yake liandikwe tu kwenye bidhaa za Hispania na Ureno, kwa hiyo kwenye jagi lako andika "Nansio" yaishe. Hukumu: limenyooka, lina adabu, halina maajabu. Mkwe mzuri.

3. Pasheni
Ugwadu upo, harufu ipo, na manne tu yanatosha jagi zima. Chagua yaliyokunjamana ganda, maana yale yanayong'aa mara nyingi bado hayajawa tayari. Kwa waini nyeupe hakuna linalolifikia. Limekosa ubingwa kwa sababu ya mbegu. Usipochuja, wageni watacheka usiku kucha wakiwa na alama za nukta nyeusi kwenye meno, na hakuna atakayemwambia mwenzake. Ukichuja kwa kitambaa, nusu ya tunda inabaki kwenye kitambaa. Hukumu: kipaji kikubwa, usumbufu mkubwa.

2. Nanasi
Tulieni. Nimesema tulieni.

Najua nanasi linapita mbele ya milango yetu. Linatoka Geita na Sengerema, na tangu Juni 2025 linavuka ghuba kwa Daraja la J.P. Magufuli pale Kigongo–Busisi, kilomita 3 juu ya maji, badala ya kusubiri foleni ya kivuko huku likiiva kwa hasira. Likifika Usagara linakata kona, Buhongwa, Nyegezi, hadi hapa kwetu. Lina utamu na ukali kwa pamoja, na hata maganda yake ni mali: yaoshe vizuri, yachemshe na tangawizi, chuja, poza, na hiyo ndiyo nusu lita yako ya juisi bila kugusa nyama ya tunda.

Sasa kwa nini la pili? Nanasi lisilochemshwa lina bromelaini, kimeng'enya kinachovunja protini, ndiyo maana wapishi wanalilainishia nyama. Ulimi wako nao ni nyama. Ukifika glasi ya tatu unaanza kuwashwa, unadhani ni ulevi kumbe tunda linalipiza kisasi. Hukumu: lipewe medali, ila lisishike kombe.

1. Ukwaju
Ndiyo. Na ni tunda, usiniletee ubishi wa darasa la nne.

Zabibu za sehemu zenye joto, Dodoma ikiwemo, hupoteza uchachu wake zikiwa bado mtini. Watengenezaji wa waini wa Australia wenye tatizo hilo huongeza tindikali ya tartariki kiwandani, tindikali kuu ya zabibu yenyewe. Na ukwaju umejaa nini? Tartariki hiyohiyo. Waini ya Dodoma inakutana na ndugu yake wa damu kwenye jagi la plastiki.

Namna yake: loweka ukwaju kwenye maji ya moto, ukishapoa ukamue kwa mkono hadi kokwa zibaki uchi, chuja, kipande cha tangawizi, sukari onja kwanza. Ukishindwa hata hilo, kila mtaa una mama mwenye friji na kibao cha "Barafu zipo". Nunua za ukwaju, zile za vifuko vyembamba ambavyo watoto wanang'ata pembe na kunyonya wakirudi shule. Kata kifuko kwa mkasi, sukuma barafu iingie kwenye glasi ya waini ya Dompo. Inazama, inaibuka, na mistari ya kahawia inaanza kushuka kwenye wekundu. Haipozi kwa kuongeza maji, inapoza kwa kuongeza ladha. Jagi limalizike usiku huohuo. Ukilifunga kwenye chupa ya soda ukalisahau kabatini, linaweza kuchacha na kukuamsha kwa mlio.

Hukumu: bingwa, kwa kura zote moja. Watu wa nanasi, foleni ya malalamiko inaanzia Usagara.